Cheki ya Everlyn

Nyuma ya mkahawa wa Wahindi Wamalabari, pale Karama mjini Dubai ambapo uchochoro unakunja kuelekea maduka ya mabegi, kuna viti vitatu vya chuma vilivyoshikana, vile vya kungojea daktari. Zahanati yenyewe ilihama zamani, viti vikabaki, na Waafrika Mashariki wakavirithi bila wosia. Hicho ndicho kijiwe. Ijumaa alasiri, kivuli kikishaangukia upande ule, humkosi Mzee Amour, Mzanzibari anayekaa mtaa wa Rashidiya, ambaye huja na chupa yake ya kahawa ya tangawizi na vikombe vyake mwenyewe kwa sababu vya watu haviamini. Huyo ni Balozi. Humkosi Gibson, askari wa mlangoni katika jengo lenye ofisi za mawakili, aliyehitimu sheria kwa kuwafungulia mawakili mlango. Huyo ni Wakili. Humkosi Bhupat fundi cherehani, Mhindi aliyezaliwa Kisumu, akasomea Rajkot, akaangukia Karama. Huyo ni Kisumu tu, na hukalia kreti la soda, maana anadai mgongo wa fundi haujui kuegemea. Na wa nne ni mwanamke, Gavana, mweka hazina wa chama chao cha mzunguko. Hakuna gavana wa benki kuu yoyote duniani aliyewahi kuwa mkali kama yeye.

Jina lake la pasipoti ni Jecinta Nafula Simiyu, lakini pale kijiweni hakuna anayelijua. Salooni anakopaka watu kucha anaitwa Sindi, kwa sababu madam alisema Jecinta linamchosha ulimi. Simu za watu wote zimemwandika Gavana. Yeye mwenyewe alikuwa amelizoea jina hilo kiasi kwamba akiitwa kwa la pasipoti, benki au uhamiaji, hugeuka nyuma kwanza kuona ni nani anayeitwa.

Ijumaa hiyo ya mwaka 2011 walikuwa wanabishana kama mpira wa jana ulikuwa na offside au refa alikuwa amekula kitu, ndipo Ronny akatokea mbio. Ronny ni dereva wa basi la wafanyakazi wa hoteli moja, na kwa kuwa hakuna jambo linalomlalia tumboni mpaka asubuhi, wanamwita Taarifa.

— Mmesikia? Semeni mmesikia.

— Salamu kwanza, alisema Balozi. Mtu haingii kwenye kahawa za watu kama anayefukuzwa na mbwa.

— Nisamehe mzee. Everlyn ameshikwa.

Everlyn walimjua wote. Alikuwa mhudumu wa vyumba kwenye hoteli hiyo hiyo ya kina Ronny, mwanachama wa chama, mwanamke wa kicheko kikubwa kinachotangulia kufika kabla yake. Gavana alikuwa ameinua kikombe. Hakukinywa wala hakukirudisha chini.

— Ameshikwa wapi? Wakili akauliza. Na nani? Kwa kosa gani? Nijibu kwa mpangilio.

— Airport. Jana asubuhi. Mimi mwenyewe nilimpeleka, manze! Nikambebea sanduku. Akaniachia maneno yake ya kuchekesha, akanipungia mkono, akaenda zake. Kufika pale wanapokuangalia jicho, wakamwambia sista, kaa kando. Akakaa kando. Wakaja wanawake wawili wa polisi. Kwisha.

— Dawa, alisema Kisumu. Alibeba dawa za mtu. Mimi nasema kila siku, usibebe dawa ya mtu.

— Dawa gani? Sanduku lilikuwa na viatu vya mtoto na maziwa ya unga! Ni cheki. Cheki imebaunsi, imerudi benki bila pesa.

Pikipiki ya kupeleka vyakula ikapita, ikawapigia honi bila sababu, na hakuna aliyeitukana.

— Cheki? alisema Wakili. Cheki peke yake?

— Cheki peke yake.

— Astaghfirullah, alisema Balozi.

Gavana alikiweka kikombe chini. Kwa sababu cheki hiyo aliijua. Aliujua mwandiko wake, aliijua hata doa dogo la mafuta kwenye pembe, maana Everlyn aliisaini mezani kwenye mkahawa huu huu huku anakula samosa. Na aliyeipeleka benki ni yeye.

Chama chao kilikuwa na desturi moja ambayo huko kwao hakuna. Walipoanza, wa kwanza kupokea mzunguko alichukua fungu lote, akapanda ndege, na mpaka leo hajarudi. Ndipo Wakili akatoa wazo. Si mnaona matajiri wa nyumba hapa wanavyofanya? alisema. Unataka chumba, unawaandikia cheki za mwaka mzima, wanazifungia kabatini, na wewe unalipa kodi yako kwa adabu. Nasi tufanye hivyo hivyo. Wazo likapendwa. Kila anayepokea akawa anamwachia Gavana cheki iliyosainiwa, ya kile alichobakiza kuchanga. Mahali pa jina la mlipwaji paliachwa wazi, maana chama hakina jina benki. Akimaliza michango yake, cheki inachanwa mbele ya watu na watu wanapiga makofi. Ilikuwa kama mchezo. Gavana alizihifadhi ndani ya soksi, soksi ndani ya sanduku, na ufunguo wa sanduku ulining'inia shingoni mwake pamoja na msalaba.

Everlyn akapokea, kisha akaacha kuchanga. Mwezi wa kwanza alisema subiri. Wa pili alisema subiri. Wa tatu simu haikupokelewa. Halafu pale salooni mteja mmoja, mfanyakazi mwenzake Everlyn, akasema huku kucha zinakauka kwamba Everlyn amekata tiketi ya kwenda nyumbani. Gavana aliwaona wanachama wote wamejipanga mbele yake wakimuuliza pesa zao ziko wapi. Akafungua soksi, akaandika jina lake mwenyewe palipokuwa wazi.

— Hebu tulia, Wakili alikuwa anamwambia Ronny. Tuchambue. Everlyn alikuwa na cheki ngapi nje? Ya chama iko kwa Gavana. Gavana, cheki zetu ziko wapi?

— Ziko sandukuni, alisema Gavana.

Halikuwa jibu la uongo. Ya Wakili ilikuwamo sandukuni. Ya Ronny ilikuwamo.

— Umeona? alisema Wakili. Hiyo tumeitoa. Tena mshukuruni Mungu ziko kwa dada yetu. Zingekuwa kwa mtu mwingine, mimi leo nisingelala.

— Gavana ni mama yetu, alisema Ronny.

— Kwa hiyo ni mwenye nyumba, Wakili akaendelea. Cheki za kodi. Hiyo ndiyo nadharia yangu ya kwanza.

— Everlyn anakaa nyumba ya kampuni, buda. Halipi kodi, alisema Ronny.

— Basi ni benki yenyewe. Sikilizeni. Siku ulipoingia nchi hii, walikupiga picha ya jicho, sivyo? Mnadhani ile ni ya nini?

— Ya kukutambua, alisema Kisumu.

— Ya kukutambua ndiyo wanayokuambia. Mimi ninasimama kwenye mlango wa watu wakubwa, nasikia. Jicho lako limeunganishwa na saini yako. Ile siku cheki inapokataliwa, kompyuta ya benki inaiambia kompyuta ya airport, na kwenye kile kioo jicho lako linatokea jekundu. Hakuna mtu anayeshtaki. Ni waya tu.

— Waya! alisema Balozi. Wewe mwana wewe.

— Mzee, teknolojia.

— Mimi niko mji huu toka hiyo airport ni ya kupokelea wageni kwa mkono. Nikwambie. Cheki hairudi yenyewe polisi. Hapa benki wakikurudishia, wanakupa kijikaratasi. Hicho kijikaratasi huwa mkononi mwa mwenye cheki. Akitaka, anakitia mfukoni yanakwisha. Akitaka, anakwenda nacho polisi. Mguu wake mwenyewe. Halafu anatia saini. Ndo hapo jina lako linapofika airport.

Maneno ya mzee yalimwingia Gavana moja moja. Mguu wake mwenyewe. Siku ile alikuwa amevaa viatu vya kazini, na polisi aliyempokea alikuwa kijana mpole mwenye kope ndefu, akampa kiti, akachapa kwa Kiarabu, akamgeuzia karatasi. Yeye akasaini pale palipoonyeshwa kidole. Aliuliza, kwa Kiingereza chake cha salooni, mtatuita lini? Kijana akasema khalas madam, finish, we do. Gavana akatoka pale mwepesi, akajinunulia juisi ya parachichi.

Kwa sababu kwao, mtu akikataa kukulipa unampeleka kwa chifu. Ndivyo alivyokua akiona. Mama yake alimpeleka jirani kwa chifu kwa ajili ya mbuzi, na shangazi akampeleka mama yake kwa chifu kwa ajili ya sufuria za arusi. Chifu anatuma askari wake na barua, mnakuja wote wawili, mnaketi kwenye benchi moja, mnatukanana kidogo, chai inaletwa, aliyekosa anasema atalipa lini, na mnarudi nyumbani kwa njia moja kwa sababu njia ni hiyo hiyo. Gavana alikuwa amengoja kuitwa. Alikuwa hata amepanga maneno: Everlyn, mimi sina ubaya na wewe, lakini hawa watu wananidai mimi. Alikuwa amepanga na gauni.

— Ni nani sasa mwenye roho hiyo? alisema Ronny. Nani anaweza kuchukua mguu wake akamfunga mtu wa kusafisha vyumba vya watu? Everlyn! Hajawahi kumnyima mtu hata sabuni.

— Madam wake, alisema Wakili. Nadharia ya pili. Pale hotelini kuna yule msimamizi. Walimsainisha cheki ya dhamana alipoajiriwa, ili asikimbie. Alipoomba likizo wakaona hatarudi, wakaitupa benki.

— Msimamizi wetu ni Mfilipino, anaogopa hata paka.

— Hao ndio wabaya.

— Au kuna mwanamume, alisema Ronny. Kuna yule Mmisri wa jikoni. Alimtaka, akamkataa. Nasikia alimwambia utaniona.

— Cheki ya Everlyn itafikaje kwa Mmisri? Balozi akauliza.

— Si anaweza kuandika yeye? Watu wanaiga saini! Anachukua karatasi, anaipaka kahawa izeeke...

— Ronny, cheki si barua ya mfalme Suleimani.

— Au ni mkono wa mtu, alisema Wakili akishusha sauti. Nadharia ya tatu. Huko nyumbani. Mtu hafurahi akisikia unakuja na sanduku. Anakwenda kwa mtaalamu, na huku mambo yanajifunga.

— Mtaalamu wa Kitale anaingia kwenye kompyuta za Dubai? Kisumu akauliza.

— Wewe Mhindi, hivi vitu huvijui.

— Mimi nimezaliwa Kisumu. Hivyo vitu nimevijua kabla yako.

Wakacheka, lakini kicheko hakikufika mbali. Ronny alikuwa ameketi chini kwenye ukingo wa barabara, mikono kichwani.

— Wananipigia simu, alisema. Watu wake. Walikodi gari kutoka Kitale mpaka Nairobi kumpokea. Shangazi, mjomba, mama yake, na yule mtoto. Mtoto alimwacha ananyonya, sasa anasoma nasari. Wakakaa airport jana mchana kutwa. Kila mlango ukifunguliwa mtoto anauliza ni huyu? Ni huyu? Hajui mama yake anafananaje, anaulizia kila mwanamke. Nami jana sikuwa nimejua, nikawaambia ndege imechelewa. Wamelala huko huko nje kwenye gari. Leo wananiuliza hii ndege ni ya aina gani.

Balozi alimimina kahawa akamsogezea Ronny kikombe, na Ronny akakishika tu.

— Viatu nilichagua mimi, Ronny akasema. Walituma picha ya mguu wa mtoto umewekwa kando ya kibiriti, ili tukisie ukubwa. Tukazunguka na kibiriti maduka yote ya Karama.

Gavana akaushika ufunguo uliokuwa shingoni.

— Alikuwa na deni la chama, alisema. Alikuwa ananikwepa.

— Alikuwa anaona haya, Gavana! Hotelini walitukata mshahara nusu tangu msimu uishe, mimi nilikopa kwa kaka yangu ndiyo nikakuchangia. Yeye hakuwa na kaka. Aliniambia, nikirudi nitampigia Gavana magoti, nitamlipa zote. Alikuwa anapita ule upande wa pili wa salooni yako ili usimwone anakosa la kusema.

— Angeniambia, alisema Gavana.

— Wewe ni mkali. Tunakuogopa wote.

Alisema kwa upendo, na hilo ndilo lililomchoma zaidi. Ukali wake alikuwa akiujivunia, akiamini ndio uliokishikilia chama kisivunjike. Kumbe mwenzake aliona heri ahame upande wa barabara kuliko kuja kumwambia sina.

— Kwetu India hii isingetokea, alisema Kisumu ghafla, akatoa sindano iliyochomwa kwenye ukosi wake akaichomeka tena. Mimi nilishtakiwa kwa cheki Rajkot. Ndiyo. Mnaniona hivi hivi.

— Wewe? Jinai?

— Jinai kabisa. Sheria ni kali, hakimu anaweza kukupa mpaka miaka miwili, au faini ya mara mbili ya cheki yenyewe. Lakini ina mlango. Cheki ikirudi, mwenye kudai hawezi kukimbilia kwa hakimu. Lazima akuandikie barua kwanza. Notisi. Bwana Bhupat, cheki yako imerudi, nilipe. Ukishaipokea barua unapewa siku kumi na tano. Ukilipa ndani yake, hakuna kesi. Mimi niliuza baiskeli na mashine moja, nikalipa, na yule bwana tukala naye chakula siku ya sikukuu.

— Barua, alisema Gavana.

— Barua, mama. Na jambo la pili, lazima liwe deni la kweli. Mtu akishika cheki yako na wewe humdai wala hakudai, hana kesi. Kama ni zawadi, hana kesi.

— Na hapa barua hakuna? Gavana akauliza.

— Hapa, alisema Balozi, hawakuulizi kwa nini umeiandika. Zawadi, dhamana, mchezo, shauri yako. Umeandika, haina kitu ndani, basi. Mwenzangu mmoja alitoka kuoga nyumbani kwake akakuta polisi sebuleni. Watu waliacha magari airport na funguo ndani, wewe hukusikia? Miaka miwili nyuma tu. Walikuwa wanakimbia karatasi kama hizo.

— Na mtu akishtaki, halafu akaghairi?

Balozi akamtazama. Alimtazama kidogo tu, kama mtu anayeangalia kama mvua imeanza, kisha akarudi kwenye chupa yake.

— Akighairi, anakwenda pale pale alipotia saini, anaandika tanazuli. Yaani nimesamehe, nimeondoa. Mtu anatoka. Lakini aende mapema, faili halijapanda kwa mwendesha mashtaka. Likipanda, ni safari nyingine.

— Huyo wa kughairi mtampata wapi? alisema Wakili. Mtu aliyekwenda kwa miguu yake akamfunga mama wa mtoto mdogo siku ya kusafiri, huyo si mtu wa kughairi. Alipanga. Aliijua na saa ya ndege. Mimi nawaambia, siku nikimjua, akija hapa kijiweni hapati hata maji ya kusukutua.

— Mimi nitamtemea mate, alisema Ronny.

— Bas, bas, alisema Balozi.

— Hapana mzee, nitamtemea!

Gavana aliinama kama anayetafuta kitu kwenye mkoba. Alikuwa anahesabu nauli ya teksi kwa vidole, bila kuitoa. Angesema kichwa kinauma. Angekwenda kituoni peke yake, angesaini hiyo tanazuli, angerudi salooni, na Ijumaa ijayo angekuja kusikia Everlyn ametoka na kila mtu anashangaa. Wangebaki na Mmisri wao na jicho lao jekundu. Aliona jinsi ambavyo ingewezekana kabisa. Akafunga zipu ya mkoba.

— Jamani kichwa, alianza.

— Assalaam alaykum.

Alikuwa msichana mwenye sare ya mapokezi ya hoteli, mtandio umeteleza mabegani, viatu vya kisigino mkononi na ndara miguuni. Ronny akaruka.

— Hilwa! Huyu ni Hilwa, yuko mapokezi kwetu. Yeye ndiye aliyekwenda kwa Everlyn. Mbajuni wetu, Kiarabu chake ni maji.

— Shikamoo babu, alisema Hilwa.

— Marahaba mwanangu. Keti. Umemwona?

— Nimemwona, alisema Hilwa bila kuketi. Analia, basi. Anasema ametuma aibu nyumbani badala ya sanduku. Chakula hali. Lakini wamenisomesha faili. Nimewaomba mpaka wamenisomesha.

— Ni Mmisri? Ronny akauliza.

— Mmisri gani? Sikilizeni, nina haraka. Afisa wa zamu ni mtu mzuri. Anasema cheki yenyewe ni ndogo, anasikitika hata yeye. Aliyeshtaki akija leo akatanazuli kabla zamu yake haijaisha, Everlyn anatoka leo. Nimeshazungumza na watu wa ndege, nafasi ipo ya usiku. Lakini faili linaondoka kesho asubuhi. Namba ya simu ya mshtaki hawanipi. Jina nimelisoma mwenyewe, na hotelini nimeuliza kila idara, hakuna anayelijua. Nikasema nije hapa, maana ni jina la kwenu.

— Lisome, alisema Wakili, akajiweka sawa.

— Jecinta Nafula Simiyu. Ni nani huyo?

Wakili alikunja uso. Ronny akalirudia jina polepole. Kisumu akatikisa kichwa.

— Nafula ni jina la kwetu magharibi, alisema Wakili. Lakini Jecinta? Dubai hii? Hapa kijiweni hatuna mtu wa jina hilo. Itakuwa jina la kununua. Mtu mwovu hatumii jina lake.

— Mnaishi mji mmoja na mnachanga pamoja, alisema Hilwa. Hakuna hata mmoja anayemjua?

— Hakuna, alisema Ronny. Wallahi hakuna. Gavana, wewe unamjua?

Hilwa hakungoja. Alishatoa simu yake.

— Basi Ronny, nipe namba ya mama yake Everlyn. Nitawaambia ukweli. Wamrudishe mtoto Kitale, wasimlaze njiani tena.

Ronny akaanza kutafuta namba. Kidole chake kikakosa, kikarudi. Gavana akaona kile kidole, akasimama.

— Usipige, alisema. Ni mimi.

— Wewe ndiye unamjua? Hilwa akauliza.

— Ni mimi. Jecinta Nafula ni mimi.

Ronny akacheka. Alicheka kweli, kicheko kifupi cha mtu aliyetaniwa wakati mbaya, akamtazama Wakili ili wacheke pamoja. Wakili hakucheka.

— Nilidhani watatuita, alisema Gavana. Nilidhani watatuita wote wawili tukae, tuongee. Sikujua kama ni kufungwa. Wallahi Hilwa, sikujua. Nilidhani ni kama kwa chifu.

— Chifu? alisema Hilwa.

Kisumu aliinuka kwenye kreti, mzee mzima, akachukua mkoba wa Gavana uliokuwa umeanguka akampa mkononi, na hakumtazama usoni. Balozi alikuwa ameshafunga kifuniko cha chupa.

— Pasipoti unayo? alimuuliza.

— Ninayo, mzee.

— Basi nenda, mwanangu. Ukifika usianze na maelezo. Anza na kusamehe, maelezo utatoa baadaye.

Hilwa hakumtukana wala kumfariji. Alisema gari liko mbele, kwenye maegesho ya kulipia, na muda unakwisha, akatangulia na ndara zake zikipiga lami. Gavana akamfuata. Uchochoro aliouzoea ulimwonekea mrefu, na mgongoni alihisi macho ya watu wanne. Alingoja matusi. Aliyataka, hata yale mate, kwa sababu angejua pa kuyaweka. Alikuwa anafikiria atakachosema Everlyn atakapomwona anaingia pale kituoni, na hakuna sentensi yoyote aliyoitunga iliyofika mwisho.

Alikuwa ameshaketi kwenye gari, mkanda umefungwa, Hilwa anawasha injini, aliposikia miguu ya mtu anayekimbia. Ronny akagonga kioo. Gavana akakishusha, akajikaza.

Ronny hakutema mate. Alikuwa ameinama kidogo, mikono miwili mbele, ile mikono anayosimama nayo mlangoni pa ofisi ya hoteli akiitwa na wakubwa, na macho yake yalitazama chini kwenye mlango wa gari. Sauti ilitoka ndogo, ya adabu, ambayo Gavana hakuwahi kuisikia kijiweni hata siku moja.

— Madam, alisema Ronny. Samahani, madam. Ile cheki yangu, naomba unirudishie.